Kicheko na Haki ya Kucheka: Vinyago, Utani na Vichekesho katika Nchi ya Newala na Masasi

Katika mwaka 1906 mtaalamu wa Kijerumani, Karl Weule, wa makumbusho ya Leipzig, alifika kusini ya Afrika ya Mashariki ya Kijerumani ili kuchunguza maisha ya wenyeji. Nchi hiyo ilikuwa bado na majeraha ya vita vya Majimaji, vilivyoanza mwaka uliotangulia. Weule alisafiri kutoka Lindi hata Masasi, kisha akapanda Newala na kukaa huko kwa muda. Alikusanya vinyago, akanasa nyimbo kwa mashine ya sauti iliyotumia nta, tena akapiga picha za sinema za ngoma, ambazo ni miongoni mwa za kwanza kupigwa katika sehemu hii ya Afrika. Lakini picha hizo hazina sauti. Mtu azitazamaye huona miguu na mabega ya wachezaji, walakini hawezi kujua ni wakati gani watazamaji walicheka, wala walimcheka nani.

Jambo hilo ambalo mashine ya Weule haikuweza kulinasa ni gumu kwa kila mwandishi wa historia. Vita huacha makaburi, na kodi huacha stakabadhi. Kicheko hupita pamoja na pumzi ya mchekaji. Hata hivyo, hapana sababu ya kukata tamaa. Watu wa uwanda wa Makonde na majirani zao walikuwa na namna zao maalumu za kuchekesha, na kila namna ilikuwa na sheria yake. Sheria hizo zaweza kuchunguzwa, kwa kuwa zinaonyesha ni nani aliyekuwa na ruhusa ya kumcheka mwenziwe, mahali gani, na kwa malipo gani. Mtu akizifuata sheria hizo tangu enzi za vinyago mpaka enzi za redio na televisheni, ataona kwamba historia ya vichekesho kusini ya Tanzania ni zaidi ya historia ya maneno yenye kuchekesha. Ni historia ya haki ya kucheka, jinsi ilivyopatikana, na jinsi ilivyotumiwa pengine na watu wasiostahili kuwa nayo.

Yafaa kwanza kuitazama nchi yenyewe. Uwanda wa Makonde umeinuka baina ya mto Lukuledi upande wa kaskazini na mto Ruvuma upande wa kusini. Juu yake maji ni ya shida, na zamani wanawake waliteremka mabondeni kuyateka, wakapanda nayo vichwani. Lakini vichaka vyake vizito viliwafaa watu waliokuwa wakikimbia vita na biashara ya watumwa. Newala imekaa kwenye ukingo wa uwanda huo, nayo Mkunya imo katika wilaya hiyo hiyo. Masasi iko chini, upande wa magharibi, kati ya majabali yake makubwa. Wamakonde, Wamakua, Wayao na Wamwera waliishi karibu karibu, wakaoana, wakapigana, wakaazimana ngoma. Mwaka 1876 wamisionari wa Kiingereza wa U.M.C.A. walianzisha kituo Masasi pamoja na watu waliokombolewa utumwani, waliotoka Unguja. Mwaka 1882 Wangoni walikivamia kituo hicho, na baadhi ya watu wakahamia Newala kwa muda. Basi katika nchi hiyo mgeni hakuwa jambo la kusikia kwa mbali. Alikuwa akibisha hodi kila mara, mara na bunduki, mara na kitabu, mara na bidhaa. Waswahili husema, mgeni ni kuku mweupe. Na kuku mweupe hutazamwa sana.

Namna ya kwanza ya kuchekesha ni ile ya vinyago. Upande wa Tanzania ngoma hiyo huitwa midimu, na ng'ambo ya Ruvuma, upande wa Msumbiji, hujulikana zaidi kwa jina la mapiko. Mchezaji aliyevaa kinyago ndiye lipiko. Vinyago vya Msumbiji kwa kawaida huvaliwa kichwani mfano wa kofia nzito, ilhali upande wa Newala vingi hufunika uso tu. Asikiaye maneno unyago na kinyago hatakosa kuona udugu wao, na kwa hakika ngoma hiyo ni ya jando na unyago, ya kufurahia watoto waliotoka kufundwa. Wanawake na watoto wasiotiwa jandoni waliambiwa kuwa lipiko si mtu bali ni mzimu aliyetoka kwa wafu. Kijana alipoingia jandoni ndipo alipofunuliwa kwamba ndani ya kinyago mna mtu wa kijiji chake. Lyndon Harries, aliyekuwa mmisionari katika nchi ya Masasi kabla ya kujulikana kwa kazi zake juu ya ushairi wa Kiswahili, aliandika habari za jando la Wamakonde mwaka 1944.

Mchezo wenyewe huanza kwa hofu. Lipiko hutokea ghafula, amefunikwa nguo mwili mzima, akawakimbilia wanawake. Nao hupiga kelele na kutawanyika, kisha hurudi wakicheka, ili wakimbizwe tena. Ni vigumu kuamini kuwa mwanamke mtu mzima, aliyezaa wana na kuwapeleka jandoni, hakujua siri hiyo. Lakini kujua ni jambo moja, na kusema ni jambo jingine. Kwa kukimbia, mwanamke aliilinda heshima ya siri. Kwa kucheka, alionyesha kuwa hakudanganyika. Kicheko chake kilikuwa na mambo mawili ndani yake, na mchezaji mzuri alijua kuyaamsha yote mawili.

Hofu ikiisha, huja maigizo. Katika vinyago mashuhuri vya Wamakonde wa Tanzania mna kile cha mwili wa mwanamke mjamzito, kilichochongwa tumbo na matiti kwa mti na kuchorwa nembo kama zile za mwili wa kweli. Mwanamume hukivaa pamoja na kinyago cha uso chenye ndonya mdomoni, akatembea mwendo wa mama aliyechoka. Watazamaji wanaochekeshwa zaidi ni akina mama, kwa sababu ndio wanaoujua mwendo ule. Hapo hapo ngoma hiyo ni ya heshima, maana yaonyesha kuwa ukoo utaendelea. Pia vilichongwa vinyago vya wageni: Mhindi mwenye ndevu, Mzungu mwenye pua ndefu na kofia, askari wa serikali. Kila zama zilileta mgeni wake, na mchongaji akamweka katika mti.

Ni nini basi kilichowachekesha watu hao? Mgeni aendaye kutazama kwa mara ya kwanza hudhani kuwa ni ubaya wa sura, kwa kuwa yeye haoni jingine. Lakini sura ya ajabu isiyofanana na kitu chochote huogofya, haichekeshi. Kicheko hutoka pale mtazamaji anapotambua jambo alilolijua siku zote wala hakupata kulisema: jinsi karani anavyoshika kalamu, jinsi askari anavyonyosha shingo anapotoa amri. Kwa hiyo kinyago huhitaji watazamaji wenye ujuzi. Tena kinyago humpa mchezaji kinga. Aliye ndani hana jina, na jambo alilolifanya huhesabiwa kuwa limefanywa na mzimu. Mtu mnyonge asiyeweza kumtazama karani machoni aliweza kumwigiza mchana, mbele ya watu wote, na jioni akarudi shambani kwake.

Mwanafalsafa wa Kifaransa Henri Bergson, katika kitabu chake juu ya kicheko kilichotoka mwaka 1900, alisema kwamba kicheko siku zote ni cha kundi, na kwamba ili mtu acheke hana budi moyo wake upumzike kidogo katika kumhurumia anayechekwa. Sehemu ya kwanza ya kauli hiyo yakubaliana kabisa na mambo ya Newala. Sehemu ya pili yapata shida, hasa inapoangaliwa ile namna ya pili ya kuchekesha, yaani utani.

Utani hauhitaji kinyago wala ngoma. Huhitaji watu wawili tu walio na uhusiano unaojulikana. Kuna utani wa babu na mjukuu, kuna wa mabinamu, na kuna wa kabila na kabila. Mtani humwambia mtaniwe maneno ambayo yangetoka kinywani mwa mtu mwingine yangeleta ugomvi, na kwa desturi huweza hata kuchukua kitu chake asiitwe mwizi. Mwenye kutaniwa haruhusiwi kukasirika. Akikasirika, yeye ndiye mwenye makosa. Wataalamu wa Kizungu walianza kuliandikia jambo hilo kwa bidii katika miaka ya 1940. A. R. Radcliffe-Brown alilieleza kuwa ni utovu wa heshima ulioruhusiwa; R. E. Moreau alikusanya habari za utani wa makabila ya Tanganyika, akaonyesha kuwa mara nyingi ulitokana na vita vya zamani au na safari za misafara ya biashara. Katika miaka ya 1970 Chuo Kikuu cha Dar es Salaam kiliendeleza uchunguzi huo. Habari za Wangoni ni mfano ulio wazi. Watu hao, ambao jina lao lilitosha kuvifanya vijiji vya kusini vihame, wakawa baadaye watani wa makabila mengi waliyoyapiga. Adui wa jana aligeuzwa kuwa mtu wa kutukanwa kwa kicheko, naye akakubali kutukanwa.

Lakini mahali utani unapoonekana kwa ukamilifu wake ni msibani. Watu wanalia, na mtani huingia akalala kaburini akakataa kutoka mpaka alipwe. Huigiza kikohozi cha marehemu, hutangaza madeni yake, husema kuwa amekufa kwa kuogopa kulima. Walio katika majonzi hujikuta wakicheka na machozi yangali machoni. Hapo ndipo kauli ya Bergson inapopwaya, maana mioyo ya watu hao haikupumzika hata kidogo. Wanacheka kwa sababu wanaumia, na kwa sababu anayewachekesha amekuja kuumia pamoja nao. Kwani mtani huyo huyo ndiye anayechimba kaburi, ndiye anayesaidia kuosha maiti na kupika chakula cha matanga. Dhihaka yake imelipiwa kwa kazi ya mikono yake. Siku atakapofiwa yeye, deni hilo litarudi kwake kwa njia ile ile.

Namna ya tatu ilizaliwa katika karne ya ishirini, nayo ni vichekesho vya jukwaani. Kabla ya vichekesho palikuwa na beni, ngoma iliyoanza pwani ya Kenya mwishoni mwa karne ya kumi na tisa, ikaenea Tanganyika kwa vyama vya Marini na Arinoti, na kuingia bara pamoja na askari wa vita vya 1914 hadi 1918. Wachezaji walivaa mavazi ya kijeshi, wakapeana vyeo vya Kizungu. Wazungu wengine walidhani wanachezwa shere. Terence Ranger, katika kitabu chake cha mwaka 1975, alionyesha kwamba mambo hayakuwa mepesi hivyo. Beni ilikuwa mashindano ya heshima baina ya Waafrika wenyewe. Somo hilo ni la kukumbukwa na kila mchunguzi wa michezo: kuiga si lazima kuwe kudhihaki.

Vichekesho vilikua shuleni na mjini, kama mchezo mfupi wa kujaza nafasi baina ya nyimbo mbili. Havikuandikwa, wachezaji walipatana juu ya kisa, kisha wakabuni maneno mbele ya watazamaji. Sinema za Charlie Chaplin zilichangia katika suruali kubwa na mwendo wa kujikwaa. Ebrahim Hussein, mzaliwa wa pwani hiyo ya kusini na mtunzi wa Kinjeketile (1969), alivichunguza katika tasnifu yake ya udaktari aliyoiandika Berlin, iliyokamilika mwaka 1975. Mtu aliyechekwa zaidi katika michezo hiyo alikuwa mshamba, yule asiyejua kutumia uma, anayeogopa simu, anayesalimia watu wote barabarani. Sinema nazo zikamchukua. Mapema katika miaka ya 1950 ilitengenezwa Tanganyika sinema iliyoitwa Muhogo Mchungu, juu ya mtu wa shamba anayeingia mjini. Aliyecheza nafasi hiyo alikuwa Rashidi Kawawa, mzaliwa wa nchi ya Songea, ambaye mwaka 1962 alikuwa Waziri Mkuu wa Tanganyika. Watazamaji waliomcheka mshamba yule walikuwa wakimcheka, pasipo kujua, mtu ambaye angekuja kuwatawala.

Hapa ndipo historia inapogeuka. Katika kinyago, mwenyeji alimcheka mgeni mwenye nguvu. Katika utani, wenye usawa walichekana kwa zamu. Katika kichekesho cha mjini, mwenye ujuzi wa mjini alimcheka asiye nao. Na ni nani waliokuwa wageni wa mjini? Watu wa uwanda, pamoja na ndugu zao wa ng'ambo ya Ruvuma, walikuwa wametoka kwenda kukata mkonge katika mashamba ya Lindi na Tanga, na wengi walishika kazi ya ulinzi wa usiku Dar es Salaam. Nembo za usoni zilizokuwa fahari kwao, na ndonya zilizokuwa pambo la mama zao, zikawa mambo ya kuonyeshwa kwa kidole. Matamshi yao yakaigizwa. Sura ile ile ambayo mchongaji wa Newala aliichonga kwa heshima na mapenzi, ikageuka katika kinywa cha mchekeshaji wa mjini kuwa alama ya ujinga. Na jina la Wamachinga, watu wa mkoa wa Lindi, likawa jina la kila mchuuzi wa barabarani, awe ametoka Mwanza au Mbeya.

Yaweza kujibiwa kuwa huo ni utani tu, na kwamba Tanzania ni nchi ya watani. Jibu hilo lina ukweli ndani yake, maana hapana shaka kuwa desturi ya utani imesaidia makabila zaidi ya mia moja na ishirini kukaa pamoja kwa amani. Lakini neno utani lisitumiwe kwa kila dhihaka. Utani huenda na kurudi. Mlinzi wa usiku hakuwa na jukwaa la kumrudishia mchekeshaji. Utani hujulikana na pande zote mbili tangu zamani. Dhihaka ya mjini iliwekwa na upande mmoja. Na zaidi ya yote, utani una msiba ndani yake. Mtani ana wajibu wa kuja kuzika. Aliyeigiza matamshi ya mlinzi kwa kiingilio cha shilingi hakuwa na wajibu wowote siku mlinzi huyo alipokufa.

Kuhamisha ngoma peke yake nako kuliweza kukibadili kicheko. Baada ya Wizara ya Utamaduni wa Taifa na Vijana kuundwa mwaka 1962, ngoma za makabila zilikusanywa kuwa mali ya taifa zima, na sindimba ya Wamakonde ikawa mashuhuri kuliko nyingi. Ilichezwa viwanjani na shuleni, mbele ya wageni wa serikali na mbele ya watoto. Nia ilikuwa njema, na watu wa kusini walipata fahari kuona ngoma yao ikiitwa ngoma ya taifa. Walakini unyagoni kiuno kile kilikuwa na mafundisho yake, na mama aliyecheka alijua anacheka nini. Uwanjani watazamaji waliona kiuno tu. Wengine walicheka kwa kushangaa, wengine wakaona haya, na mafundisho yakabaki Newala.

Isidhaniwe, hata hivyo, kwamba jukwaa na redio haviwezi kuwa na uadilifu. Pwagu na Pwaguzi, mchezo wa Redio Tanzania uliopendwa mno, ulipata jina lake katika methali isemayo kuwa pwagu hupata pwaguzi. Waliochekwa humo walikuwa walaghai wanaonaswa na hila zao wenyewe, na msikilizaji wa kabila lolote aliweza kucheka bila ya kumwacha jirani yake nje. Baadaye Amri Athumani wa Tanga, aliyejulikana na watu wote kwa jina la King Majuto na aliyefariki mwaka 2018, alichekesha kwa mwili wake na uzee wake mwenyewe. Msanii ajifanyaye kichekesho hulipa kabla ya kudai. Hiyo ni njia ya zamani iliyovaa nguo mpya, na watazamaji waliitambua.

Mambo hayo yote yakiwekwa pamoja, yaonekana kuwa jibu la swali la kinachowachekesha watu halipatikani katika maneno ya mchekeshaji peke yake. Watu hucheka wanapotambua jambo wanalolijua, wanapokuwa salama kulitambua hadharani, na wanapokubali kuwa anayewachekesha ana haki ya kufanya hivyo. Kinyago kilitoa usalama kwa kuficha jina. Utani ulitoa haki kwa kudai deni la mazishi. Kichekesho cha mjini kilikuta usalama na haki vyote vikiwa upande mmoja wa jukwaa, na kwa hiyo waliokuwa upande wa pili walichekwa bila ya kucheka.

Kwa sababu hiyo, mwanafunzi aendaye leo Newala, Mkunya au Masasi kukusanya michezo hii asitosheke na kuandika maneno na kupiga picha, kama alivyofanya Weule kwa vyombo vya wakati wake. Aandike pia ni nani aliyeketi karibu na ni nani aliyesimama mbali. Ni nani aliyecheka mwanzo, na ni nani aliyemtazama mwenziwe kwanza kabla ya kucheka. Aulize mchezaji na mchezwaji wana uhusiano gani, na ni nini mmoja atakachomfanyia mwenziwe siku ya msiba. Bila ya habari hizo atakuwa na ngoma isiyo na sauti.